Namba ya tatu kwenye mashine ya presha

Kila Julai viwanja vya Sabasaba, Barabara ya Kilwa jijini Dar es Salaam, hujaa watu wa kila shughuli: wanaotafuta sofa za bei ya maonesho, wanaopeleka watoto kwenye bembea, na wanaopanga foleni kwenye mahema ya kupima afya. Kwenye mahema hayo mambo huenda mbio. Mzee anakaa, mkono unavishwa kitambaa cha mashine, kitambaa kinajaa upepo na kubana, kisha kinalegea na mashine inatoa mlio. "Presha yako 160 kwa 70, baba. Punguza chumvi, na uende hospitali wakuanzishie dawa." Mzee anaitikia, anashika fimbo yake, anampisha mwingine.

Mashine hiyo ilionesha namba tatu. Ya tatu hukaa chini kabisa ya kioo, aghalabu kando ya alama ndogo ya moyo, nayo ni idadi ya mapigo ya moyo kwa dakika moja. Muuguzi hakuitaja wala mzee hakuiuliza. Watu wazima wengi mjini wanaweza kukutajia presha yao ya juu na ya chini kama wanavyotaja namba ya simu, lakini ukiwauliza moyo wao hupiga mara ngapi kwa dakika, wanabaki kukutazama. Kama namba ile ilikuwa 36, mzee ametoka hemani na ugonjwa unaoweza kumwangusha kabla hajafika kituo cha daladala, na kichwani amebeba habari ya chumvi.

Namba hiyo ya tatu isomwe, itajwe kwa sauti, iandikwe kwenye kadi. Haimgharimu mtu hata shilingi, kwa sababu tayari iko kwenye kioo. Kinachokosekana ni mazoea.

Moyo wa mtu mzima aliyetulia hupiga kati ya mara 60 na 100 kwa dakika. Ukichukua wastani wa 70, hayo ni mapigo 100,800 kwa siku, usiku na mchana, bila likizo. Amri ya kila pigo ni cheche ya umeme inayotoka kwenye kishada kidogo cha chembe hai kilichojificha kwenye chumba cha juu cha upande wa kulia wa moyo. Kishada hicho kilielezwa mwaka 1907 na Arthur Keith na Martin Flack, mwanafunzi wa udaktari nchini Uingereza, aliyekiona alipokuwa akichunguza moyo wa fuko, yule mnyama anayechimba mashimo bustanini. Mwaka mmoja kabla yao, Mjapani Sunao Tawara, akifanya kazi Marburg nchini Ujerumani, alikuwa ameeleza kituo cha pili katikati ya moyo. Hapo umeme husubirishwa kidogo, kama sehemu ya kumi ya sekunde, ili vyumba vya juu vimalize kumimina damu kwenye vyumba vya chini. Kisha cheche hushuka kwa njia zake maalumu, vyumba vya chini hujikamua, na damu huenda mwilini.

Aliyewahi kuishi na mgao wa umeme hatapata shida kuelewa yanayofuata. Kituo cha juu ndicho gridi ya taifa. Kikizima, kituo cha kati huwasha jenereta yake na kuendesha moyo kwa mapigo 40 hadi 60. Hicho nacho kikishindwa, au njia ya kushuka ikikatika, vyumba vya chini hujiwashia vyenyewe, mapigo 20 hadi 40 tu. Ni kama kile kijenereta cha dukani kinachowasha taa moja huku friji ikiwa imezima. Mtu anaishi, lakini haendi mbali.

Njia hiyo ya umeme huharibika kwa madaraja matatu. Katika daraja la kwanza ujumbe wote unafika, ila umechelewa. Wengi wenye hali hiyo hawajui kama wanayo, na mara nyingi hawahitaji tiba yoyote. Katika la pili baadhi ya ujumbe unapotea njiani, pigo moja linakuja na jingine halionekani. Katika la tatu hakuna ujumbe unaofika kabisa: vyumba vya juu vinapiga ngoma yao na vya chini vinapiga yao, bila kusikilizana. Mara nyingi chanzo ni uzee, pale nyuzi zinazopitisha umeme zinapoota makovu taratibu. Ndiyo maana ugonjwa huu hujificha vizuri sana ndani ya neno "amezeeka".

Si kila moyo wa polepole ni mgonjwa. Mhispania Miguel Indurain, aliyeshinda mashindano ya baiskeli ya Tour de France mara 5 mfululizo kuanzia 1991 hadi 1995, aliripotiwa kuwa na mapigo 28 akiwa amepumzika. Kwa wakimbiaji wa mbio ndefu wanaojifua Iten na Eldoret nchini Kenya, mapigo ya arobaini na kitu asubuhi kabla ya kuamka kitandani si jambo la kushangaza, kwa kuwa moyo uliozoezwa husukuma damu nyingi kwa pigo moja. Hata mtu wa kawaida akilala usingizi mzito mapigo yake hushuka. Namba peke yake haitoshi, lazima iulizwe pamoja na mwenye nayo. Mapigo 48 kwa mwanariadha wa miaka 25 ni matunda ya mazoezi. Mapigo 48 kwa bibi wa miaka 75 anayeshika ukuta kila akiinuka, anayehema kwa ngazi tatu na ambaye mwezi uliopita alianguka msalani, ni sababu ya kumpeleka akapigwe ECG, kile kipimo cha kuchora umeme wa moyo, wiki hiyo hiyo.

Na huko kuanguka ndiko kwenye hasara kubwa zaidi. Moyo ukisimama kwa sekunde kama 10, ubongo unakosa damu na mtu anapoteza fahamu. Huenda akakakamaa na kurusha mikono na miguu mara chache, kwa sababu ubongo uliokosa damu hufanya hivyo. Kisha pigo linarudi, uso uliokuwa umepauka unapata damu, mtu anafumbua macho na kuuliza, "Kumetokea nini?" Madaktari wawili wa Dublin, Robert Adams mwaka 1827 na William Stokes mwaka 1846, waliandika juu ya wagonjwa wa aina hiyo na kuonesha kwamba shina la kuzimia kwao lilikuwa mapigo ya polepole. Majina yao yamebaki kwenye vitabu vya tiba mpaka leo.

Mitaani kwetu majina ni mengine. Mtu akianguka na kutikisika, jirani wa kwanza atasema kifafa, wa pili atasema majini, na wa tatu ataulizia nani alimkasirikia marehemu babu. Familia inazunguka: kwa mganga, kwenye maombi, kwenye kombe, halafu zahanati, ambako mgonjwa huweza kuanzishiwa vidonge vya kifafa na kuvimeza miaka na miaka huku akiendelea kuanguka. Hakuna anayemlaumu mtu kwa kwenda kuombewa. Lakini kuna tofauti ambazo hata mtoto wa nyumbani anaweza kuziona. Mwenye kifafa, baada ya degedege, mara nyingi hubaki amechanganyikiwa kwa muda, amechoka, pengine amejing'ata ulimi. Aliyeangushwa na moyo huwa amepauka kabla, na akizinduka hurudi na akili zake upesi. Ndugu aliye karibu akiweza kurekodi tukio kwa simu na kushika mshipa wa kifundo cha mkono papo hapo, atakuwa amempelekea daktari ushahidi ambao kipimo cha wiki mbili baadaye huenda kisiupate.

Kuna mtego mwingine ambao wasomaji wengi hawajawahi kuusikia, nao unamhusu mzee wa hemani. Moyo unaopiga polepole hupata muda mrefu wa kujaa damu, kwa hiyo kila pigo linasukuma damu nyingi kwa mkupuo. Matokeo yake presha ya juu hupanda huku ya chini ikibaki ilipo au kushuka. Anayesoma namba mbili tu ataona mgonjwa wa presha. Na kati ya dawa zinazotolewa kwa ajili ya presha zimo atenololi na propranololi, ambazo kazi yake mojawapo ni kupunguza kasi ya moyo. Mtu mwenye mapigo 36 akipewa dawa hizo, kile kijenereta kidogo nacho kinabanwa. Namba ya tatu ingelimzuia daktari kabla kalamu haijagusa karatasi. Anayetumia dawa hizo tayari naye asizitupe kwa kusoma gazeti. Kuziacha ghafla ni hatari, na kwa wengi ndizo zinazowaweka hai. Anachopaswa kufanya ni kuhesabu mapigo yake na kumwambia aliyemwandikia.

Dawa si sababu pekee. Tezi ya shingo ikizalisha homoni kidogo, moyo hupoa pamoja na mwili mzima, na mtu huanza kuvaa sweta Dar es Salaam. Figo zikishindwa kazi, potasiamu hujaa kwenye damu na kuuzima umeme wa moyo, wakati mwingine kwa saa chache. Mshtuko wa moyo unaweza kukata njia ya umeme kwa mara moja. Na mashambani, anayepulizia nyanya au pamba dawa ya wadudu ya jamii ya oganofosfeti bila kinga anaweza kuletwa hospitali anatokwa mate na jasho, mboni za macho zimekuwa ndogo kama tundu la sindano, mapigo yameshuka. Kwa huyo, kushika mshipa ni sehemu ya kutambua sumu, na dawa ya kwanza, atropini, hupandisha mapigo.

Hitilafu za umeme wa moyo zilipata kuingia kila sebule ya Tanzania usiku wa tarehe 17 Machi 2021. Makamu wa Rais wa wakati huo, Samia Suluhu Hassan, alilitangazia taifa kifo cha Rais John Magufuli, na kueleza kwamba alikuwa ameishi na maradhi ya moyo kwa zaidi ya miaka 10. Ugonjwa uliotajwa ni ule ambao vyumba vya juu vya moyo hutetemeka badala ya kupiga. Mapigo huwa hayana mpangilio, mara nyingi ya kasi, na damu inayotuama kwenye vyumba hivyo inaweza kuganda na kurusha donge kwenye ubongo, yaani kiharusi. Wiki zile watu waliokuwa hawajawahi kusikia kwamba moyo una umeme waliujadili kwenye vijiwe vya kahawa. Kisha mjadala ukapoa.

Ugonjwa huo ni jirani wa mapigo ya polepole, na wakati mwingine huishi nyumba moja nayo. Kuna wagonjwa ambao moyo hukimbia mbio zisizo na mpangilio, ukiacha kukimbia unasimama sekunde kadhaa kabla ya kukumbuka kazi yake. Ukiwapa dawa ya kutuliza kasi, kusimama kunaongezeka. Usipowapa, kasi inawachosha. Kwa hao jibu mara nyingi ni kuwawekea kwanza betri ya moyo, yaani kifaa cha kuusukuma moyo kwa umeme, kisha kuwapa dawa bila hofu.

Betri ya moyo ilianza kwa ubishi wa mke mmoja. Mwaka 1958 Arne Larsson, Mswidi wa miaka 43, alikuwa amelazwa kwa muda mrefu, moyo wake ukisimama mara nyingi kila siku. Mkewe, Else-Marie, alimfuata daktari mpasuaji Åke Senning na mhandisi Rune Elmqvist, ambao walikuwa wakifanyia majaribio kifaa cha kusukuma moyo kwa umeme, akawaambia wamtengenezee mumewe. Walimweleza kwamba bado hawana kifaa cha kumwekea binadamu. Aliendelea kuwarudia. Elmqvist akaunganisha transista mbili na betri ndogo, akavimwagia gundi ngumu ndani ya kopo la kiwi ya viatu ili vipate umbo, na tarehe 8 Oktoba 1958 Senning akakiweka tumboni mwa Larsson. Kifaa kilidumu saa chache tu, kikabadilishwa na cha pili.

Larsson aliishi miaka mingine 43. Alibadilishiwa vifaa mara nyingi, jumla vikafika 26, akawazika mhandisi na mpasuaji wake, na alipofariki Desemba 2001 akiwa na miaka 86, kilichomuua kilikuwa saratani ya ngozi. Moyo haukuhusika.

Siku hizi kazi hiyo kwa kawaida haihitaji hata kulazwa usingizi. Mgonjwa anachomwa ganzi chini ya mfupa wa mtulinga, waya mwembamba unapitishwa kwenye mshipa hadi moyoni huku daktari akiongozwa na picha ya eksirei, na kifaa chenye ukubwa wa saa ya mkononi kinafichwa chini ya ngozi. Inachukua kama saa moja. Kifaa husikiliza moyo, na hutoa cheche pale tu unapochelewa. Betri yake hudumu takribani miaka 8 hadi 12. Mwenye nacho anapika kwa maikrowevu, anapanda ndege akionesha kadi yake, na anaongea na simu, ila haiweki kwenye mfuko wa shati juu ya kifaa.

Afrika Mashariki ina wanaoijua kazi hiyo. Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete, iliyoanza mwaka 2015 katika eneo la Muhimbili, huweka betri za moyo, kama zinavyofanya Taasisi ya Moyo ya Uganda iliyopo Mulago na hospitali kubwa za Nairobi. Safari za India ambazo zamani zilikuwa njia pekee kwa wengi zimepungua umuhimu. Lakini kati ya mgonjwa wa Namtumbo au Turkana na hospitali hizo kuna mambo mawili. La kwanza, hakuna aliyehesabu mapigo yake, kwa hiyo hakuna aliyempa rufaa. La pili, bei ya kifaa. Katika nchi za Ulaya betri huwekwa kwa mamia kwa kila watu milioni moja kwa mwaka. Katika nchi nyingi za Afrika kusini mwa Sahara idadi hiyo haifiki hata kumi. Mioyo ya Waafrika haina umeme bora kuliko ya Wazungu. Wanaobaki bila betri wanakufa, na vifo vyao vinaitwa presha, uzee, au mkono wa mtu.

Kuhusu bei, kuna mjadala ambao serikali za ukanda huu zingefaa kuuingia mapema. Betri ya moyo ya mtu aliyefariki mara nyingi bado ina miaka ya kufanya kazi, na kabla ya mwili kuchomwa lazima itolewe, maana inaweza kulipuka motoni. Je, ikisafishwa na kutakaswa, inaweza kumfaa mwingine? Watafiti wa Kanada walichapisha mwaka 2020 matokeo ya wagonjwa 1,051 wa Meksiko na nchi nyingine 3 za ukanda wa Karibi na Amerika ya Kati waliowekewa vifaa vilivyokwisha kutumika. Katika miaka miwili, maambukizi yalionekana kwa asilimia 2.0 yao, na asilimia 1.2 ya waliowekewa vipya nchini Kanada, tofauti ambayo kitakwimu haikutosha kusema vya zamani ni vibaya zaidi. Chuo Kikuu cha Michigan nchini Marekani kimefanya jaribio la kulinganisha ana kwa ana, na Kenya ilikuwa mojawapo ya nchi zilizoshiriki. Matokeo ya mwanzo, yaliyotangazwa mwaka 2024, nayo yalitia moyo.

Wapo watakaosema hayo ni mitumba, na kwamba Mwafrika amechoka kuvaa vya wengine. Hoja hiyo ina uzito, na ndiyo sababu hasa ya kutaka sheria: vifaa vikaguliwe na mamlaka za dawa, mgonjwa aelezwe na akubali, kumbukumbu zitunzwe, na asiwepo wa kuuza kilichotolewa bure. Lakini aliye na mapigo 30 haambiwi achague kati ya betri mpya na iliyotumika. Anaambiwa achague kati ya iliyotumika na kaburi. Tanzania ilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote mwaka 2023, na Kenya ilianza mfumo wake mpya wa bima ya afya Oktoba 2024. Wanaopanga vitita vya mafao waihesabu betri ya moyo kama wanavyohesabu upasuaji wa kujifungua: tiba ya mara moja inayorudisha mtu mzima nyumbani.

Yote hayo ni ya baadaye na yanataka bajeti. Namba ya tatu haitaki. Na asiwepo wa kusema wahudumu wetu wamezidiwa kiasi cha kushindwa kuhesabu mapigo, kwa sababu wanayahesabu kila siku. Katika kliniki ya wajawazito, hata zahanati isiyo na umeme, mkunga huinama na kuweka kile kifaa cha mfano wa tarumbeta juu ya tumbo la mama, akasikiliza moyo wa mtoto ambaye hajazaliwa, akahesabu, akaandika: 140. Anajua kwamba chini ya 110 ni hatari na juu ya 160 ni hatari. Nje kwenye benchi amekaa bibi aliyemsindikiza mjamzito, ameegemea ukuta kwa kizunguzungu, na hakuna atakayemshika mkono.

Kumhesabia ni vidole viwili, cha shahada na cha kati, juu ya mshipa wa kifundo cha mkono upande wa dole gumba, na saa ya simu. Ahesabiwe dakika nzima, kwa kuwa mapigo yasiyo na mpangilio hudanganya ukihesabu sekunde 15 na kuzidisha kwa nne, na mashine yenyewe wakati mwingine hudanganyika. Chini ya 50 kwa asiye mwanariadha na mwenye kizunguzungu, kuchoka au kuzimia, apewe rufaa ya ECG. Chini ya 40, asiachwe kurudi nyumbani peke yake. Na kwenye kadi ya kliniki ya presha, pembeni ya ile safu ya namba mbili, mwenye rula na kalamu anaweza kuchora safu nyingine leo mchana.